Weka flaiti modi kwanza, alafu tuongee

Haya niliyaongea Jumamosi hapa Arusha mbele ya vijana wanaojifunza kutengeneza gemu za simu. Waliokosa wameniomba niandike, nimeandika vile vile nilivyoongea, na maswali ya mwisho nimeyaweka.

Shikamooni wakubwa zangu, wadogo zangu mambo vipi. Mimi ni fundi simu, banda langu lipo karibu na soko la Kilombero, huu ni mwaka wa 9 nafungua na kufunga simu za watu, na jioni nikishamaliza kazi nacheza gemu za mapigano, za panga, za kuruka kuta, zile za mtu mmoja ambazo hauhitaji mwenzako upande wa pili. Kabla sijaendelea naomba kila mtu atoe simu yake, weka flaiti modi, fungua ile gemu ya peke yako unayoipenda kuliko zote, ikifunguka mpaka ukaweza kumsogeza mtu wako, nyoosha mkono.

Asanteni. Tupo kama 40 humu ndani na mikono nimehesabu 11. Waliobaki mnaangalia kale kamduara kanakozunguka, au maandishi yanayokwambia angalia mtandao wako ujaribu tena. Na hakuna hata mmoja wenu aliyetaka kucheza na mtu mwingine, adui yupo ndani ya simu yako, ramani ipo ndani ya simu yako, ulishapakua GB nzima au mbili kwa bando lako mwenyewe, kila kitu kinachotakiwa ili upanga ushuke unacho mkononi, ila mlango umefungwa na funguo iko kwenye kompyuta ya watu nchi nyingine huko. Hicho ndo kimenileta, na nakileta kwenu nyie sababu nyie ndo mnaenda kuzitengeneza hizi gemu.

Mdogo wangu ni mpagazi, anapanda na wageni Kilimanjaro. Msimu mmoja akanunua simu nzuri kwa hela za tipu, akaja bandani nikamwekea gemu ya panga, akaipenda asee, wiki nzima kule nyumbani Kibosho yupo nayo tu, akafika mpaka bosi wa 4, yani yule adui mkubwa wa mwisho wa hatua. Akapata safari ya siku 7 njia ya Machame. Sasa mtu ambaye hajawahi kupanda hajui jioni ya mpagazi ikoje, mizigo imeshushwa, maji yameshachotwa, wageni wameshakula na nyie mmeshakula, baridi imeingia, saa 2 usiku mmebanana kwenye hema na usingizi bado, hapo ndo mtu anatafuta kasimu kake. Na alikuwa amejipanga, kabeba na pawabenki. Kufungua gemu kambi ya Shira, hakuna mtandao. Barranco, hakuna mtandao. Kuna sehemu kule laini inashika vistari viwili hivi, basi akatoka nje ya hema na baridi lile kwenda kuvitafuta, ikaunganisha, akaingia kwa bosi, akapigana naye mpaka damu ya bosi imebaki kidogo, mtandao ukakata, gemu ikamrudisha mwanzo kabisa na zile nguvu za kuingilia pigano wameshamkata. Aliposhuka aliniletea simu akijua imekufa. Nikaifungua mbele yake ikawaka vizuri tu, sababu Kilombero 4G ipo. Nikamwambia dogo, simu yako nzima, hii gemu ndo haichezeki bila mtandao. Akaniuliza, "Kaka, sasa kama nacheza mwenyewe, mtandao wa nini?"

Nimekaa na hilo swali muda mrefu, na ndo hotuba yangu yote ya leo.

Najua kuna atakayesema siku hizi hata mlimani intaneti ipo. Ni kweli, Agosti 2022 shirika la simu la TTCL walipeleka intaneti ya kasi mpaka kambi ya Horombo, mita 3,720 kutoka usawa wa bahari, na ni jambo kubwa, mpagazi akiumwa anaweza kuitiwa msaada, mama yake anajua mtoto yuko salama. Ila Horombo ipo njia ya Marangu, watu wa Machame hawalali pale, alafu kwangu mimi mtandao wa kuokoa mtu na mtandao wa kumruhusu mtu arushe ngumi ni vitu viwili tofauti kabisa, cha kwanza tukipiganie kifike kila kambi, cha pili hakikutakiwa kuwepo.

Na tusiende mbali mpaka mlimani. Panda Coaster hapo stendi uende Moshi, kilometa kama 80, simu njia nzima inaruka kutoka mnara huu kwenda mnara ule, unapita vipande laini inashuka mpaka kale ka E, na kila ikiruka gemu inakutoa. Ulizia madereva wa watalii wanaolala Ndutu wakisubiri wageni. Ulizia askari wa usiku kwenye maghala huko Unga Limited, ye mtandao anao lakini bando hana, na mnajua wote kwamba hapa kwetu kukosa bando ndo kukosa mtandao kwenyewe, minara inaweza kuwa mitatu juu ya kichwa chako na bado uko gizani.

Hili la bando wenye gemu hawalielewi kabisa, ngoja nilikalie kidogo. Ukiwalalamikia wanasema gemu inakula KB chache tu. Na inawezekana hawadanganyi, kuiambia sava, yani ile kompyuta yao ya mbali, kwamba mtu kamaliza levo ya 6 ni ujumbe mdogo kuliko picha moja ya statasi. Lakini ili hizo KB chache zipite lazima data iwe imewashwa muda wote, na ukiwasha data kwenye simu ya mtu wa kawaida magroup yote yanaamka kwa pamoja, group la ukoo, group la harusi, group la vikoba, video zinajipakua zenyewe, aplikesheni ambazo hata hakumbuki aliziweka lini zinaanza kuongea na kwao, kwaiyo mtu kanunua bando la siku, kacheza nusu saa, anapokea meseji kwamba ametumia asilimia 75 ya kifurushi chake. Gemu imekula punje, imeacha mlango wazi ng'ombe wote wameingia shambani.

Alafu bando likiisha katikati ya pigano? Mimi simu zinazonijia bandani nyingi ni RAM ya GB 2, ikizidi sana 3. Unatoka kwenye gemu kwenda kupiga menyu ya vifurushi, unachagua, unaweka namba ya siri, unasubiri meseji, ukirudi simu imeshaifunga ile gemu ili ipate nafasi, inaanza upya na nembo ya kampuni, na muziki, na kupakia, na kulogini, na bosi kapona damu yote. Mtengenezaji mwenye simu ya RAM GB 12 na waifai ya ofisini hataliona hili hata akae miaka 10. Nyie mnalijua kwa sababu limewatokea. Hiyo ni elimu, msiitupe.

Sasa kwa nini wanafanya hivi. Sitaki tuseme ni roho mbaya, sababu wanazo, na nyingine ni za kweli.

Ya kwanza ni wizi. Tarehe 15 Desemba 2016 Nintendo walitoa Super Mario Run kwenye iPhone, Mario wa kukimbia na kuruka, unaonja bure alafu unalipia dola 9.99 ufungue yote. Na ilikuwa haichezeki bila intaneti, hata zile hatua za kucheza mwenyewe. Shigeru Miyamoto, mzee aliyemuumba huyo Mario, alieleza kwamba walitaka kazi yao iwe salama isiibiwe, na kwamba gemu ina sehemu kadhaa zinazoshikana ndani yake kwaiyo kuitenga moja icheze peke yake kungeleta ugumu. Mimi namuelewa mtu anayelinda jasho lake. Lakini angalieni nani anaumia. Bandani kwangu vijana wanakuja, fundi niwekee ile isiyoomba mtandao, yani ile iliyochakachuliwa. Mimi siweki, ni kazi ya mtu ile, na mara nyingi mnakaribisha virusi. Ila niambieni ukweli, kama kinachompeleka mtu kwenye gemu ya wizi ni kwamba ya wizi inafanya kazi kwenye basi na ya kununua haifanyi, nani kamsukuma huko? Aliyelipa ndo anayeulizwa kitambulisho kila asubuhi.

Ya pili ni kuchezea namba. Koini na almasi zikihifadhiwa kwenye simu bila ulinzi, kuna programu za kuingia kwenye kumbukumbu ya simu na kubadilisha 50 ikawa 50,000, hili lipo, na kama biashara yako ni kuuza almasi basi ni hasara ya moja kwa moja. Hapo namuona mtengenezaji ana hoja. Ya tatu ni matangazo, nitaijibu kwenye maswali. Na nyingine hawaisemi kwa sauti, wanataka kujua umecheza saa ngapi, umefia wapi, umenunua nini. Mtu anayekesha getini anahesabiwa kama mahudhurio ya shule.

Ila ile hoja ya kwamba haiwezekani kiufundi, hiyo naikataa. Mei 2012 Blizzard walitoa Diablo III ya kompyuta, hata ukicheza peke yako lazima uunganishwe na sava zao, siku ya kwanza watu wengi sana wakakutana na maandishi ya Error 37, gemu wameinunua na hawaingii. Mwaka uliofuata hiyo hiyo ikatoka kwenye PlayStation 3 na Xbox 360, na huko unacheza bila intaneti kabisa, mapepo yale yale, silaha zile zile. SimCity ya kampuni ya EA, Machi 2013, nayo ikaja na sharti la mtandao, sava zikalala wiki ya kwanza, EA wakasema gemu imejengwa hivyo kuanzia msingi. Machi 2014 wakatoa apdeti, ikachezeka nje ya mtandao. Kwaiyo mtu akikwambia haiwezekani, muulize alijaribu lini.

Na kuna jambo linaniuma kuliko hata bando, sababu bando nikipata hela nitanunua. Sava inazimwa. Kampuni ikiona gemu hailipi tena wanatoa tangazo, miezi michache, kwisha. Gemu ya magari ya Ubisoft inaitwa The Crew ilitoka 2014, unaweza kuendesha peke yako nchi nzima ya Marekani, ilihitaji sava muda wote, tarehe 31 Machi 2024 wakazima na walioinunua wakabaki na kitu kisichofunguka. Linganisha na vibanda vya PlayStation pale Majengo Moshi, mashine imechoka, padi zimefungwa na selotepu, watoto wanatoa hela yao wanacheza mpira wenye vikosi vya miaka 10 na zaidi iliyopita, wachezaji wengine humo walishastaafu, na inawaka kila siku umeme ukiwepo sababu haimuombi mtu yeyote ruhusa. Ile gemu ya nyoka kwenye Nokia iliyoanza 1997, chukua simu ya aina ile leo, weka chaji, nyoka anatembea.

Wapo waliofanya vizuri na nataka muwajue. Capcom walikuwa na gemu ya simu, Mega Man X DiVE, kuruka na kupiga risasi, ya mtandaoni. Walipoamua kufunga huduma hawakuiua, Septemba 2023 wakatoa Mega Man X DiVE Offline, unalipa mara moja, unacheza mwenyewe, hakuna sava, hakuna kununua almasi. Nintendo nao, hao hao wa Mario, mwishoni mwa 2024 walipofunga Animal Crossing: Pocket Camp, gemu ya kupamba kambi yako, wakatoa toleo la kulipia mara moja linalochezeka bila mtandao, na watu wakahamishia kambi zao huko. Hii ndo heshima ninayoiongelea.

Sasa tuje kwenu, mnafanyaje. Niseme kitu nilichokiona kwenye gemu za vijana wetu wenyewe wanazoniletea nijaribu. Wengi hata hawakukusudia kulazimisha mtandao. Wamechukua vipande vilivyotengenezwa tayari, cha matangazo, cha kulogini, cha kuhesabu watumiaji, wakaviweka vyote viwake mwanzo, na gemu imekaa inasubiri jibu la sava ndo ionyeshe kitufe cha Cheza. Jibu lisipokuja inasubiri milele. Sasa hali mbaya kuliko zote sio kukosa mtandao, flaiti modi simu inajua haina kitu na inakata tamaa haraka. Hali mbaya ni ile laini inaonyesha 4G vistari vyote ila haipitishi kitu, bando limeisha au mnara umelemewa, simu inaamini ipo hewani na gemu yako inaamini hivyo hivyo. Weka kikomo, sekunde 3 nyingi, jibu halijaja endelea na ulichonacho. Kitufe cha Cheza kisisubiri mtu.

Andika kwenye simu kwanza, kutuma kwa sava kuje baadaye. Mtu kamaliza levo, iandike pale pale, weka kwenye foleni, siku akipata waifai kwa jirani foleni inaondoka yenyewe. Mtaniuliza na akicheza kwenye simu mbili? Muulize mwenyewe achague, hapa una levo ya 9 na kule una levo ya 7, unataka ipi, ni sekunde moja. Mtu akisogeza saa ya simu mbele apate zawadi ya kesho leo, mwacheni, au ile zawadi ndo isubiri mtandao, upanga usisubiri. Almasi za kununua kwa hela ziweke kwa sava kama mnaogopa, sawa kabisa, lakini kile alichokinunua kwa hizo almasi kikishanunuliwa kishuke kwenye simu kikae huko. Orodha ya washindi, mashindano, kupigana na mtu wa Brazil, hivyo vyote viwe mlango wa pembeni wenye maandishi kabisa kwamba huku panahitaji mtandao, hakuna atakayelalamika. Na kuhakiki kama mtu kalipia, Google Play yenyewe ina nyenzo ya kukagua leseni ambayo inaruhusu jibu litunzwe kwenye simu kwa muda, kwaiyo hakuna sababu ya kumkagua mtu kila akifungua.

Na kwenye ukurasa wa gemu yako andika wazi, inachezeka bila mtandao au haichezeki, mstari wa kwanza, mtu ajue kabla hajatumia GB yake kupakua.

Maswali yalikuwa mengi, naweka mawili.

Dada mmoja aliyekaa mbele aliuliza, "Kaka fundi, sisi hela yetu ni matangazo, gemu ikichezeka bila mtandao tutakula nini?" Ni swali la haki na nilimjibu hivi. Kulipia hapa kwetu bado ni shida, wengi hawana kadi, kwaiyo matangazo yatakuwepo, na sitakudanganya kwamba unaweza kuyapakua asubuhi ukayaonyesha usiku, tangazo la AdMob, ile huduma ya matangazo ya Google, likishapakuliwa linakaa kama saa moja tu linapitwa na wakati. Ila mteja wako sio kwamba hana mtandao kabisa, anao sehemu ya siku. Akiwa nao muonyeshe tangazo la zawadi, angalia hili upate koini mara mbili, atakubali kwa moyo. Akiwa hana, mwache acheze bure, sababu hiyo saa asiyokuwa na bando ndo anaizoea gemu yako, na usipomfungulia hatokaa akusubiri, anaifuta apate nafasi ya picha. Mimi ndo nawafutia, naziona zinavyoondoka.

Kijana mwingine akasema hao wakubwa wa nje hawatusikii sisi wa Arusha, tunaongea bure. Nikamwambia sio sisi peke yetu. Baada ya The Crew kuzimwa, jamaa mmoja anaitwa Ross Scott alianzisha kampeni ya Stop Killing Games, na kufikia Julai 2025 saini zaidi ya milioni 1 zilikuwa zimekusanywa kwa raia wa Umoja wa Ulaya wakitaka gemu zilizouzwa ziachwe zikiwa zinachezeka. Wale wana nyaya nzuri na bando la mwezi mzima, na bado wameona. Sisi tulioshuhudia Mei 12, 2024 nyaya za baharini za EASSy na Seacom zinakatika na nchi nzima intaneti inatambaa, tuna la kusema zaidi yao, na hatuhitaji kuomba kwa mtu kwanza, gemu ya kwanza inayowaka kwenye Coaster inaweza kutoka kwenye meza hizi.

Mdogo wangu anapanda tena Jumatano, siku 8, njia ya Lemosho. Safari hii kanunua gemu ya Dead Cells kwa hela yake, inachezeka bila mtandao na nimeijaribu mwenyewe. Nafasi kwenye simu imebaki GB 5. Mwenye gemu yake iliyofikia hatua ya kujaribiwa aniletee faili bandani kabla ya Jumanne jioni, nitamwekea, ataicheza kambi ya Barafu usiku pale wanaposubiri kupanda kileleni, akishuka atakwambia mwenyewe ilifunguka au haikufunguka.